Viti Vitatu

Ndugu msomaji, kisa hiki kilianzia Jaws Corner, pale ambapo mtu akishika kikombe chake cha kahawa hana tena haja ya gazeti. Ilikuwa usiku, na televisheni ilikuwa ikionesha filamu ya zamani ya Kimarekani: watu kumi na wawili wamefungiwa chumbani na joto lao, wanabishana kama kijana mmoja kamuua baba yake au hakumuua. Hao watu si mahakimu. Serikali imewaita tu kutoka makazini kwao, ikawaambia kaeni hapa, sikilizeni, kisha semeni ana hatia au hana. Kizungu wanaliita juri.

Mimi, kwa ule ujuaji wetu sisi tulioishia kidato cha nne, nikasema kwa sauti: "Wenzetu wameendelea bwana. Huku kwetu mtu wa kawaida lini aliwahi kukaa juu akahukumu mwenziwe?"

Mzee mmoja hakugeuza hata shingo. "Kamuulize babu yako," akasema. Kisha akakumbuka. "Ah, marehemu yule, Mungu amrehemu. Basi kamuulize bibi yako. Babu yako fundi cherahani, na alihukumu watu miaka mitatu."

Nilirudi nyumbani kichwa kinazunguka. Miaka mitano nzima nimekuwa nikijaza madaftari kwa visa vya majasusi na wapenzi wanaokutana uwanja wa ndege, maana nataka kuwa mwandishi wa riwaya. Kumbe riwaya ilikuwa chumba cha pili, inalala na bibi.

Lakini kabla sijafika kwa bibi nitapita njia ndefu kidogo. Kisa cha babu ukikichukua peke yake hakieleweki, kinakuwa kama sentensi iliyokatwa kichwa.

Kisiwa hiki kinajua siku nyingi kuwaweka watu wasio mahakimu waamue. Kusini mwa Unguja, Makunduchi na sehemu zile, mambo ya mji yalikuwa mikononi mwa wazee walioitwa watu wanne. Ugomvi wa ardhi, mipaka ya mashamba, nani alime wapi na nani akanywe kisima gani, yote yalipita kwao. Juu yao palikuwa na sheha, na juu ya masheha alikuwapo Mwinyi Mkuu, ambaye kasri yake ya mwisho iko Dunga, magofu yake unayapita ukienda Chwaka. Sasa angalia jambo moja. Wale watu wanne walikalishwa pale kwa sababu walimjua kila mtu. Walijua baba yako alikuwa mtu wa namna gani, na mnazi ule alioupanda nani. Juri la Kizungu ni kinyume chake kabisa: ukimjua mshtakiwa unaambiwa utoke, aje asiyemjua. Nani katika hawa wawili anaona vizuri zaidi, anayejua au asiyejua? Liweke swali hilo mfukoni, tutalihitaji.

Mjini mambo yalikuwa mengine. Palikuwa na makadhi, wa Kisuni na wa Kiibadhi, kila mtu na madhehebu yake. Halafu wakaja wageni na mikataba yao. Sayyid Said alitia saini na Marekani mwaka 1833, na Uingereza mwaka 1839, na Ufaransa mwaka 1844, na mikataba hiyo ikawapa mabalozi wao nafasi ya kuamua kesi za watu wao wenyewe. Katika karne ile ungeweza kusimama ufukweni Shangani ukahesabu mahkama kwa kuhesabu bendera. Muingereza alipoifanya Zanzibar nchi ya himaya mwaka 1890, taratibu akazikusanya karibu zote chini yake, na mwaka 1908 likamalizika lile jengo la Vuga lenye kuba, kazi ya J. H. Sinclair. Wanaopiga picha za watalii wanalipenda sana. Waliopandishwa ngazi zake na pingu mikononi wangekupa maoni mengine.

Ndani ya jengo lile lugha ilikuwa Kiingereza. Mshtakiwa wa Kiunguja alisimama kizimbani akisikiliza watu wakimjadili, na kila baada ya muda mkalimani anamgeukia na kumpa kipande. Fikiria maisha yako yanazungumzwa saa nzima nawe unapewa dakika tano zake.

Na juri je? Kwao Uingereza Muingereza husema hiyo ndiyo ngao ya mtu huru. Basi alipofika Afrika Mashariki akaifungua ngao yake kwenye sanduku, na akawapa Wazungu. Kenya ndiyo mfano ulio wazi. Mwaka 1911 mlowezi Galbraith Cole alimpiga risasi Mwafrika aliyemtuhumu wizi wa kondoo, juri la walowezi wenziwe likamwachia, na ikabidi serikali yenyewe kwa aibu imfukuze nchini. Mwaka 1923 mwengine, Jasper Abraham wa Molo, alimpiga kibarua wake Kitosh mpaka kibarua akafa. Juri likasema si kuua, ni kujeruhi vibaya tu. Miaka miwili jela. Watu wa juri hao nao walikuwa watu wa kawaida, ndugu msomaji, wamekaa, wamesikiliza, wameamua. Nilipoyasoma haya ile filamu ya Jaws Corner ikanipungua utamu.

Mwafrika yeye aliwekewa namna nyengine: wazee wa mahkama. Wawili watatu wanakaa karibu na jaji, kesi ikimalizika jaji anamuuliza kila mmoja maoni yake, kisha jaji anaamua apendavyo. Ushauri tu. Dedan Kimathi alipohukumiwa Nyeri mwaka 1956 walikuwapo wazee watatu Waafrika, na wote watatu walisema ana hatia. Alinyongwa Februari 1957. Ukitaka kujua uzito wa kiti kile, fikiria wale wazee watatu walirudi vipi vijijini mwao jioni ile, na kama waliitikiwa salamu.

Kwetu Unguja nako jaji alikaa na wazee. Lakini umma mkubwa ulibaki nje ya mlango, na siku moja umma ule ukaamua nao kutoa maoni. Wakulima wa Kiembe Samaki walikataa ng'ombe wao kuchomwa sindano ya kimeta. Hawakuiamini serikali, na si ajabu, maana ardhi ya huko ilikuwa imechukuliwa kwa ajili ya uwanja wa ndege. Wakulima 19 wakafikishwa mahkamani. Tarehe 30 Julai 1951 watu wakamiminika mjini kusikiliza, na walipoona ndugu zao wanapelekwa jela wakalizuia gari, wakawatoa baadhi yao. Kisha wakaelekea gerezani. Polisi wakapiga risasi, watu wakafa. Wazee wanaviita Vita vya Ng'ombe. Kwa macho yangu mimi ile ndiyo hukumu ya kwanza ya watu wengi kutolewa katika kesi ya Unguja, na ilitolewa barabarani kwa sababu ndani hapakuwa na kiti.

Kwa hiyo, yalipokuja Mapinduzi ya Januari 1964, na baada ya miaka mitano Serikali ya Mzee Karume ikatangaza Mahkama za Wananchi, usidhani watu walishangaa. Amri ilitoka mwaka 1969 na mahkama zikaanza kazi mwaka uliofuata. Kila moja ilikuwa na watu watatu. Si wanasheria, hawakutakiwa wawe wanasheria: fundi, mkulima, baharia, mtu yeyote wa mtaani mwenye kuaminiwa. Na hawakukaa pembeni kumshauri jaji, wao ndio walioamua. Kesi ilikwenda kwa Kiswahili mwanzo hadi mwisho, na haraka. Mshtakiwa kwa mara ya kwanza alisikia kesi yake yote, si vipande.

Bibi anaikumbuka siku babu alipoletewa habari. "Alinunua kanzu mpya," aliniambia. "Fundi cherahani, lakini ile alinunua. Alisema ya kujishonea mwenyewe haina heshima." Akacheka peke yake muda mrefu.

Sasa upande wa pili. Watu watatu wale aliyewateua ni Rais, na waliaminiwa kwanza na chama, Afro-Shirazi Party, maana chama kilikuwa kimoja tu. Mawakili wakafutwa, hakuna mtu wa kusimama upande wa mshtakiwa akauliza swali. Rufaa za kwenda Mahkama ya Rufaa ya Afrika Mashariki zikakatwa, na neno la mwisho likabaki kwa wakubwa wa siasa hapa hapa visiwani. Mwananchi kapewa kiti, kweli. Lakini aliyempa anaweza kukivuta wakati wowote, na mwenye kukikalia anajua.

Kesi iliyoonesha mfumo ule unafika wapi si ya wizi wa kuku. Mzee Karume aliuawa kwa risasi Kisiwandui tarehe 7 Aprili 1972. Mwaka uliofuata watu 81 walishtakiwa kwa uhaini, katika Mahkama Kuu chini ya Jaji Mkuu Ali Haji Pandu. Wolfango Dourado, Mwanasheria Mkuu, ndiye aliyeendesha mashtaka. Wakili wa utetezi, hakuna. Hukumu ilitoka Mei 1974, na miongoni mwa waliohukumiwa kifo alikuwamo Abdulrahman Muhammad Babu (si babu yangu huyu!), waziri wa zamani, ambaye mahkamani hakuwapo kabisa. Alikuwa amefungwa Bara, na Mwalimu Nyerere hakumpeleka Unguja. Alitolewa mwaka 1978, akaishi, akafundisha, akaandika, akafia London mwaka 1996. Mtu aliyehukumiwa kufa akiwa hayupo aliishi miaka 22 baada ya hukumu yake. Walio kizimbani hawakuwa na bahari ya kuwakinga.

Haya ni makubwa, yamo vitabuni. Turudi kwenye madogo, ambayo hayamo.

Babu hakuhukumu wahaini. Mahkama yake ilikuwa ya chini, ipi sitaitaja. Alihukumu waliopigana, waliodaiana, walioiba. Na miaka ile wizi wa chakula ulikuwa jambo kubwa, kwani mchele, sukari na unga vilikuwa kwa mgao, mtu anapanga foleni alfajiri kwa ratili chache. Siku moja akaletwa kijana wa mtaani kwetu, ameshtakiwa kuiba gunia la sukari. Kijana akasema usiku ule hakuwapo, alikuwa kwenye maulidi. Waliomwona hawakuja kusema, na wakati ule sidhani kama mimi ningekuja. Mmoja wa waliokuwapo kwenye maulidi yale alikuwa babu yangu mwenyewe.

Hapa ndipo lile swali ulilolitia mfukoni linapotoka. Angekuwa miongoni mwa watu wanne wa zamani, angesema hapo hapo: huyu nilimwona, kesi imekwisha. Kwenye juri la Kizungu asingekaa, angetolewa akapande kizimbani awe shahidi, na wakili angemuuliza. Yeye alikuwa kwenye kiti cha tatu cha Mahkama ya Wananchi, ambapo anajua, na hakuna wa kumuuliza.

Alifanya nini?

Mzee wa Jaws Corner anasema babu alisema. Kwamba alisimama, akawaambia wenziwe wawili mbele ya watu kuwa kijana alikuwa naye akiitikia kasida, wao wakakataa, wawili kwa mmoja, kijana akapewa miezi kumi na minane, na babu muda wake ulipokwisha hakuitwa tena. Mzee anasimulia vizuri sana, mpaka sauti ya babu anaiiga. Wengine barazani wakaitikia, ndivyo, ndivyo, yule alikuwa mtu wa haki.

Bibi alinisikiliza nikimsimulia hayo huku akichambua mchele. Alipomaliza kuchambua ndiyo akajibu.

"Hakusema," alisema. "Alitaka kusema siku ya pili. Siku ya pili wakatoa hukumu asubuhi, na yeye akatia saini pamoja nao. Alirudi hapa akavua kanzu, akaniambia niifue. Nikamwambia mbona safi. Akasema ifue."

"Na kwa nini hawakumwita tena?"

"Nani kasema hawakumwita? Walimwita. Akasema macho yamekuwa mabovu. Na cherahani alikuwa anashona mpaka saa sita ya usiku."

Mimi nataka kuandika riwaya, ndugu msomaji, na nakiri kuwa kwa wiki mbili niliandika ya mzee wa Jaws Corner. Babu amesimama, feni inazunguka, karani ameacha kuandika. Kurasa kumi na moja. Nilimsomea rafiki yangu mmoja naye mwandishi chipukizi, akasema ni kazi nzuri, peleka ichapwe. Usiku nikazisoma tena, nikaona kila ukurasa unanipendeza mimi mjukuu. Sikuzichana, sisi tusio na pesa hatuchani karatasi. Nimeziweka.

Mahkama za Wananchi zilifutwa kwa sheria za mwaka 1985, baada ya Katiba ya Zanzibar ya 1984. Wakarudi mahakimu waliosoma, wakarudi na mawakili. Watu wa kawaida hawakufutika kabisa katika uamuzi: rufaa kutoka kwa Kadhi Mkuu ikipelekwa Mahkama Kuu, sheria ya 1985 ilitaka jaji akae na maulamaa wanne. Wanne tena, kama kule Makunduchi, ingawa hawa wamekalishwa kwa elimu yao. Bara nako wazee wa baraza walikaa kwenye mahkama za mwanzo kwa miaka mingi na kura zao zikahesabiwa, si ushauri mtupu, mpaka sheria za miaka ya karibuni zilipoulegeza ulazima wao. Sina ugomvi na mabadiliko hayo. Mimi mtu akinishtaki nataka hakimu aliyesoma na wakili mkali, sitaki fundi cherahani mwenye kanzu mpya. Nasema hivi na huku ni damu yangu.

Lakini siku hizi tunapokaa barazani tunahukumu watu kwa wepisi mno. Yule mwizi, yule kala pesa, yule kauza nchi. Sote majaji, hakuna anayetia saini. Nikisikia hivyo namfikiria babu na kalamu mkononi.

Nilimtafuta yule kijana. Si kijana tena, ana mvi ndevu zote, anatengeneza baiskeli na mapishi ya mkaa, anaishi mtaa wa tatu kutoka kwetu na miaka yote nimekuwa nikimpita. Nikamsalimu, nikajitambulisha mimi mjukuu wa nani. Akaendelea kukaza nati. Nikamwambia nimekuja kwa sababu ya ile kesi, na kwamba nimesikia hadithi mbili, nikamsimulia zote mbili kama nilivyozipokea, bila kumwambia ipi ninayoiamini. Nilidhani atachagua. Yeye alikuwamo chumbani, yeye pekee anajua.

"Walikuwa watatu," akasema. "Meza ndefu. Mimi nilikuwa na miaka kumi na tisa, nilitazama chini tangu mwanzo mpaka mwisho. Nilisikia miezi kumi na minane. Nani kasema nini kabla ya hapo, masikio yalikuwa yameziba."

Nikamuuliza kama alipotoka jela aliwahi kuzungumza na babu.

"Alinishonea suruali ya harusi," akasema. "Nilimpelekea kitambaa kama mteja yeyote. Hakutaka pesa. Nikamwekea juu ya meza nikaondoka."

Aliizungusha gurudumu, akalisikiliza, akalikaza tena.

"Bibi yako mzima?"

"Mzima."

"Nisalimie."